Begi la Mama Mlangoni

Mdogo wangu Kisiki,

Salamu zangu zikukute mzima, wewe, wifi yangu na watoto. Natumai kiuno chako kimetulia, na kwamba umeacha kuinama mwenyewe kwenye mawe ya mipaka wakati ofisi imekupa vijana wa kazi hiyo. Mimi mwili hauna neno. Moyo ndio hauna raha, na sababu yake nitakueleza.

Usishangae kupata barua zama hizi za simu. Simu zangu unazikata, na ujumbe ninaokutumia huusomi. Mara ya mwisho tulipozungumza uliniambia kwa hasira kwamba nikiwa na neno niliandike, kwani si kuandika ndiyo kazi yangu. Haya, nimeandika. Barua nitampa dereva wa basi la asubuhi, anayeijua ofisi yenu ya upimaji, akukabidhi mkononi. Naomba kitu kimoja tu: usome mpaka mwisho kabla hujakasirika. Ukimaliza, kasirika utakavyo.

Nianze na lililo zito. Mama hataki kula. Anakunywa maji, na chai vijiko kadhaa nikimbembeleza, basi. Daktari amekuja hapa nyumbani akampima, akasema tumboni haoni ugonjwa, ila moyo umechoka, na mwili wa umri ule usipotiwa kitu hautasubiri sana. Hakutaja muda na mimi sikumuuliza. Mama mwenyewe anasema hawezi kula wakati mtoto wake hajala. Ukimuuliza mtoto yupi, anasema yule aliyemsahau kwa mjane. Nataka uje, Kisiki. Hilo ndilo lililonifanya nishike kalamu. Mengine yote ni ya kukueleza kwa nini uwe wewe na si mtu mwingine.

Nakusikia kutoka huku ukisema kwamba ni yale yale, vitabu vya dada vimemvuruga mama akili. Si mara ya kwanza kunishtaki hivyo, na kwa muda mrefu nilikubali kwamba una haki. Unajua jinsi ninavyofanya kazi. Sijawahi kuandika ukurasa hata mmoja njiani. Narudi nyumbani na vumbi langu, nanawa, nakaa kwenye kile kigoda cha chumba cha cherehani, nami namsimulia mama huku akipiga pasi nguo za wateja. Anachokiuliza, nakiandika. Asichokiuliza, nakitupa. Nilipolala juu ya lori la chumvi mpaka midomo ikapasuka, hakuuliza habari za chumvi. Aliuliza nilijisitiri wapi, mwanamke peke yangu kati ya wanaume. Niliposhikiliwa kwenye kituo cha mpaka kwa sababu ya darubini, nikadhaniwa jasusi, nilijua hiyo ndiyo sura itakayouza kitabu. Yeye alitaka kujua mlango wa kile kituo ulifunguka kwa ndani au kwa nje, na kama yule askari alikuwa na vifungo vyote. Mhariri wangu amenisifu miaka yote kwa vitu vidogo vidogo vya namna hiyo, akisema hajui jicho hili nimelitoa wapi. Nilikuwa nikiinamisha kichwa kwa unyenyekevu kama vile lilikuwa langu.

Kwa hiyo mama alipoanza kusahau, halafu akaanza kusimulia safari zangu kana kwamba ni zake, sikushtuka sana. Alikuwa amezisikia kabla ya watu wote. Jirani akija kuchukua gauni anaambiwa habari za njia ya milimani na upepo unaozima kibiriti. Fundi baiskeli wa pale kona akimsalimia anapewa safari ya lori nzima, mpaka tairi linapasuka. Watu walicheka kwa upendo, nami nikacheka nao. Wewe hukucheka. Wewe uliona aibu, na aibu hiyo ilifika kileleni siku ile ya chakula cha mchana nyumbani kwako, ulipopandishwa cheo.

Sitaki kukutonesha kidonda, lakini lazima niirudie siku ile kwa sababu kuna neno lilisemwa na sote hatukulisikia. Mkuu wako wa kazi alikuwepo, wakwe zako walikuwepo, meza imejaa. Mama akaanza kumweleza mkuu wako jinsi alivyovuka mpaka akiwa na kichwa cha cherehani ndani ya gunia, na askari akakataa kumgongea muhuri mpaka amshonee kifungo cha shati, naye akamshonea kwa uzi mwekundu kwa kuwa hakuwa na mwingine. Ukasimama. Ukasema mbele ya wageni kwamba wamsamehe mama, hajawahi kuvuka hata daraja la mji huu, hayo ni ya dada yangu Kiguu na Njia na vitabu vyake. Mama akaweka kijiko chini. Akakutazama, akasema polepole kwamba kati ya watu wote wewe ndiye usiyepaswa kusema hivyo. Wewe ulidhani anakukumbusha adabu. Mimi nilidhani amepotea tena. Tulimtoa nje kama mtoto aliyemwaga mchuzi, nyuma ya nyumba tukagombana mimi na wewe, na tangu siku ile hujakanyaga hapa.

Nilipomrudisha nyumbani, kile kifungo kikanikaa kichwani kama mwiba. Nilivuka mpaka ule, ndiyo. Nilishikiliwa, ndiyo. Lakini sikumshonea mtu kifungo, na wewe unajua mimi na sindano hatuna undugu. Nikamwambia mama kwa upole kwamba hilo la uzi mwekundu halimo kitabuni. Alinijibu, bila hata kuinua macho kwenye kitambaa alichokuwa akikunja, kwamba si lazima kila kitu kiwemo kwenye kitabu changu.

Baada ya hapo nilianza kumsikiliza vizuri, kama ninavyosikiliza watu wa njiani ambao siwajui. Nikagundua kwamba alikuwa akienda mbali kuliko mimi. Alipita nilipoishia akaendelea. Alieleza mji wa juu mlimani ambao sijaufikia, ngazi za mawe katikati ya nyumba, na nyumba ya kulala wageni ya mjane mmoja mrefu aliyekuwa akitia makaa kwenye kikaango kikuukuu na kukisukuma chini ya kitanda ili mtoto asipigwe na baridi. Nikadhani labda ni hadithi ya redio. Nikadhani ni ndoto. Mtu akishakuwa mwandishi, Kisiki, anaona tabu kuamini kwamba mwingine naye ana safari.

Kisha likaja begi. Kila asubuhi akiamka analipanga: taulo, kopo la maziwa, na kile kifulana cha sufu rangi ya maji ya kunde, kidogo kama soksi, ambacho sote tulikiona kabatini tangu utoto na hakuna aliyeuliza ni cha nani. Analiweka mlangoni, anavaa viatu vya kutokea, anakaa kusubiri gari. Nikilificha, analia. Nikimwambia hakuna gari leo, anasema kwa heshima kabisa, kama anamwambia karani wa stendi, kwamba atangoja lijalo. Siku moja ya mvua nilikuwa jikoni, nikatoka sikumkuta. Fundi baiskeli ndiye aliyemwona kwenye kituo cha mabasi, amelowa chapachapa, anambembeleza kondakta amfikishe mlimani kwani amemsahau mtoto na mtoto ananyonya. Tulimrudisha tukiwa tumembeba. Siku hiyo ndipo alipoanza kukataa chakula.

Nilikosa la kufanya, nikamwita mama mkubwa aje anisaidie kumuuguza. Alikuja, na unamjua dada yake huyo, hajawahi kuingia nyumba ya mtu akakaa bila kazi. Alikuwa ameshika ungo anachambua mchele, mama yuko kitandani, mlango uko wazi. Mama akaanza kumwuliza yule mjane kama makaa bado yana moto. Nikamwambia mama mkubwa asijali, ni vitabu vyangu hivyo. Aliweka ungo chini. Akasema si vitabu vyako, mwanangu. Halafu akalia, yule mwanamke ambaye kwenye msiba wa mumewe mwenyewe alikuwa akituelekeza sufuria ziko wapi.

Sasa kaa kitako, mdogo wangu. Kama umesimama, vuta kiti.

Mama alisafiri. Alisafiri kabla yangu, mbali kuliko mimi, na bila mhariri wa kumlipia nauli. Nilipokuwa mdogo, bado sijaanza shule, alikuja mtu aliyekuwa akitafuta fundi wa kushona mapazia na magodoro ya hoteli mpya mji wa mbali. Baba alikataa. Mama akanipeleka kwa mama mkubwa, akafungua kichwa cha cherehani kwenye meza yake, akakitia guniani, akaenda. Kazi ya hoteli ilipokwisha hakurudi. Aliendelea mbele, mji baada ya mji, akishona sare za shule, mifuko ya unga, mahema, chochote. Mama mkubwa anasema alipomuuliza baadaye alikuwa akitafuta nini, mama alijibu kwamba hakuwa akitafuta kitu, alikuwa anataka kuona barabara inaishia wapi. Niliposikia hayo nilitoka nje nikakaa kwenye ngazi. Jibu hilo hilo nimewapa waandishi wa magazeti miaka yote nikidhani nimelitunga mimi.

Nyumbani ilisemwa kwamba mama amelazwa. Hospitali, watoto hawaruhusiwi. Mimi nakumbuka kidogo siku aliyorudi, kwa sababu uso wake ulikuwa umechubuka kwa jua na upepo, ngozi inabanduka puani, na nilidhani ndivyo hospitali inavyomfanya mtu. Nakumbuka pia kwamba alirudi na mtoto mchanga.

Ndiyo, Kisiki. Aliondoka hajajua kwamba ana mimba. Alijua akiwa njiani, na alipofika mlimani alishindwa kuendelea, akajifungua kwenye nyumba ya yule mjane, kwenye kitanda chenye makaa chini yake. Aliyezaliwa ni wewe. Na kabla hujaanza kuhesabu miezi kwa vidole, wewe ni mtoto wa baba. Lile paji la uso hata mahakamani halikatiwi rufaa. Wewe uliyejificha chini ya kitanda darasa lenu lilipokwenda kuona mbuga, usiyeweza kulala nyumba ya mtu, tuliyekuita Kisiki kwa kuwa ukikaa mahali hung'oki, wewe ndiye pekee katika ukoo huu uliyezaliwa safarini. Ulivuka mpaka mgongoni kwa mama kabla meno hayajaota. Mimi nilikuwa nimekaa kwa mama mkubwa, nimeshiba.

Nimejiuliza kwa nini hawakutuambia. Mama mkubwa anasema baba hakumpiga wala hakumfokea. Alimchukua mtoto mikononi, akamtazama sana, akasema mama aingie ndani, ila habari ya safari isitajwe tena, si kwa watu wala kwa watoto. Aliogopa midomo ya watu. Akaenda kukuandikisha kana kwamba umezaliwa hapa hapa. Mama aliahidi, na ahadi aliitunza maisha yote, hata alipokuwa akipiga pasi na kuniuliza milango ilifunguka upande gani. Hakuwa akiuliza, Kisiki. Alikuwa analinganisha. Baba naye, Mungu amrehemu, nakumbuka alivyonisindikiza stendi safari yangu ya kwanza. Nilitegemea anikataze. Alishika mkono wangu akasema neno moja tu, nirudi. Nilidhani ni ubaridi wake. Sasa najua alikuwa akiniomba.

Basi ugonjwa ndio uliomfungua mama kiapo. Lakini umemfungua vibaya, umemrudisha njiani peke yake. Anakumbuka mlima, anakumbuka mjane, anakumbuka uchungu na ule usiku wa baridi. Anayekosekana ni mtoto. Akitazama huku na huku hamwoni, basi anaona amemwacha. Ameishi salama, mumewe amemsamehe, watoto wamesoma, na sasa mwishoni anadhani alirudi mikono mitupu. Hakuna kinachoniuma kama hicho. Nimekutana na majambazi, nimeugua homa hemani nikaandika wasia kichwani, sijawahi kuogopa kama ninavyoogopa kwamba mama atakwenda akiamini alimtelekeza mwanawe.

Nimejaribu kila kitu. Nilimwonyesha picha yako, akasema huyo ni baba wa watu, ana kitambi, yeye mtoto wake ananyonya. Usichukie, nami nimesema kitambi ni heshima ya cheo. Nilimdanganya kwamba nimemtuma mtu akamlete mtoto. Akaniuliza nimemtuma nani, nikababaika, akageukia ukutani. Mama mkubwa ndiye aliyemuuliza swali la maana. Alimuuliza atamjuaje mtoto wake, kwani watoto wachanga wote wamefanana. Mama akacheka, cheko la kwanza baada ya siku nyingi. Akasema atamjua vipi tena, mtoto wake halali mpaka amshike sikio.

Hapo mimi na mama mkubwa tulitazamana. Unakumbuka tulivyokutania? Umeshaanza shule, una mabuku mkononi, lakini ukisinzia lazima upapase mpaka upate ncha ya sikio la mama, uisugue kwa vidole viwili mpaka ulale. Baba alisema utaoa huku umeshika sikio la mama yako. Sijui kama wifi anajua habari hii. Kama hajui, mwambie nimeomba radhi.

Kwa hiyo njoo. Usije na wakubwa wala daktari wa mjini, usije na maelezo, wala usije kuniomba msamaha au kutaka nikuombe mimi. Hayo tutayamaliza mimi na wewe jikoni kama tulivyozoea. Usimsahihishe mama. Akisimulia habari ya kifungo, muulize uzi ulikuwa rangi gani. Akikuuliza ulikuwa wapi, mwambie ulikuwa kwa mjane, ulilala pazuri, makaa hayakuzimika. Si uongo huo. Kisha ulale kando yake, na cheo chako na kitambi chako, unyooshe mkono umshike sikio. Nitakuwa na uji jikoni, mwepesi, wa kutosha watu wawili, kwa sababu hatakula kama wewe hujala.

Mhariri wangu anasubiri safari mpya. Nimemwambia siendi. Amenusa kitu, ananiuliza kama nina hadithi nyingine. Nimemjibu kwamba ninayo, lakini si yangu, na mtoto aliyezaliwa ndani yake hajaulizwa. Neno lako litakuwa la mwisho, na ukisema hapana, hapana hiyo nitaipokea kwa moyo mmoja.

Mama mkubwa anakusalimu, anasema bado anakudai ule ungo wake ulioukalia ukavunjika. Fundi baiskeli anakusalimu. Wabusu watoto, waambie shangazi yao yupo nyumbani safari hii na haondoki. Mpe wifi mkono wangu. Mama nimemwambia asubuhi hii kwamba mtoto ameshapanda gari. Alinitazama sana, halafu akaniambia nisilifunge begi, ili kifulana kiwe karibu, kwani watoto wakitoka safari huwa na baridi.

Ni mimi dada yako, ambaye kwa mara ya kwanza anamngoja mtu badala ya kungojwa,

Kiguu na Njia